Pole ya Mngoni

Mzee Fusi alikuwa amekufa tangu Ijumaa, na Jumatatu asubuhi alikuwa bado anamtania Bibi Sikujua.

Matroni Kemilembe alisimama nje ya mlango wa chumba cha wagonjwa, sinia tupu mkononi, akasikiliza.

"Nasikia unavyofyonza uji," ilisema sauti ya mzee kutoka kwenye kidude kidogo kilichobandikwa ukutani. Ilikuwa sauti yake ileile ya kukwaruza, yenye kikohozi kabla ya kila neno la kuudhi. "Wahehe bwana! Mtu akiwasikia mnavyokunywa uji atadhani mnamfukuza mbwa wa kitoweo."

"Mbwa gani? Mbwa wetu si mliwamaliza nyinyi mlipopita hapa mkikimbia!" Bibi Sikujua alijibu, kijiko kikigonga bakuli. "Babu zako walitoka Afrika Kusini mbio, roho mkononi, wakafika huku wakatangaza wameshinda vita. Vita gani? Vita ya kukimbia?"

Kikohozi. "Tulikuwa tunakimbia kwenda mbele."

Bibi alicheka mpaka kitanda kikalia. Kemilembe akatazama bangili iliyokuwa mkononi mwake, iliyounganishwa na ile ya bibi. Mstari wa kijani ulikuwa unapanda na kushuka vizuri, bila kukwama. Moyo wa yule mama haukuwa umepiga vile tangu apasuliwe. Kemilembe alifurahi, na kufurahi kwenyewe kukamuudhi.

Akapiga hodi, akaingia.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, Matroni. Umesikia mtu anavyonitukana ukutani na wewe upo?"

"Nimesikia. Umemaliza uji?"

"Nimemaliza. Mngoni huyu atakuja lini kuniona? Tangu mnifungie humu nasikia sauti tu, kama redio."

"Ana mafua, bibi. Daktari hataki akuletee mafua."

Alisema hivyo huku akipanga bakuli kwenye sinia, bila kumtazama. Pale Makambako watu walimjua Kemilembe kwa jambo moja: hakuwa anazunguka. Mtoto wa mkazi mmoja aliwahi kuja na keki kubwa baada ya kupotea muda mrefu, Kemilembe akamwambia pale pale mlangoni, "Mama yako ana kisukari. Ungekuwa unakuja ungejua." Sasa alikuwa anadanganya kila siku, asubuhi kwa uji na jioni kwa supu, na alikuwa anapata uzoefu.

"Mafua," bibi alisema, akautazama ukuta. "Haya. Mwambie apone."

*

Makao ya Utulivu yalijengwa juu ya kilima, mahali penye ukungu, kwa sababu ardhi ya huko haikuwa na mwenyewe aliyeitaka. Wazee walikaa na masweta na kofia za sufu mwaka mzima. Watoto wa wengi wao walikuwa juu. Zamani mtu aliposema mwanangu yuko mbali alimaanisha Dar es Salaam au Uarabuni. Siku hizi walioenda kutafuta maisha walikwenda kwenye viwanda vya angani, na wazee wakitaka kuwaonyesha wageni mahali walipo watoto wao waliinua kidole.

Kwa hiyo walikuwa wanashikana wao kwa wao. Mzee Fusi na Bibi Sikujua walishikana kwa matusi. Yeye alikuwa Mngoni wa Songea, fundi bomba mstaafu; mama yule alikuwa Mhehe wa Kalenga aliyeuza vitambaa maisha yake yote. Wangoni na Wahehe ni watani tangu zama za vita vyao, na mtani ana ruhusa ambayo ndugu hana. Kila asubuhi waliketi kwenye baraza, ungo wa maharage katikati yao, wakichambua. Jikoni kulikuwa na mashine ya kuchambua. Mashine haikuwa inatukana, kwa hiyo hawakuitaka.

Kemilembe alitoka Bukoba, na huku kusini hakuwa na mtani hata mmoja. Mwezi wake wa kwanza pale aliwasikia wale wawili wakirushiana maneno ya mbwa na ukimbizi, akashtuka, akawatenganisha meza. Mzee Fusi alikaa meza yake mpya kwa adabu kubwa. Chakula kilipofika akapaza sauti kutoka upande wa pili wa ukumbi: "Matroni! Umenihamisha vizuri, lakini harufu ya mbwa bado inafika!" Ukumbi mzima ulicheka, Bibi Sikujua kuliko wote. Kemilembe akawarudisha. Aliwaruhusu, kuwaelewa hakuwaelewa.

Ijumaa ile mzee alifia hapo hapo barazani, juani, ungo magotini, maharage yakamwagika. Bibi hakuwepo kumwona. Alikuwa chumba cha wagonjwa na kiraka kwenye moyo.

"Tumekiotesha kutokana na chembe za nyama yake mwenyewe," Daktari Angetile alimweleza Kemilembe ofisini. Alikuwa daktari mzuri, mtu wa Tukuyu, mwenye kusema polepole kama anayehesabu matone. "Kinashika kama mche uliohamishwa. Ukishaota mizizi, hata upepo uje. Ukitikiswa kabla, unang'oka. Habari ya mzee tuiweke kwanza."

"Tuiweke wapi? Wanaongea kutwa kupitia ukutani. Mzee akinyamaza mchana mmoja atajua."

"Kwa hiyo asinyamaze."

Kemilembe alielewa anachosema. Kila aliyeingia Utulivu alivikwa mwangwi nyuma ya sikio, kitu cha ukubwa wa punje ya mchele, kikajifunza sauti yake, maneno yake, anavyocheka na anavyokasirika. Kazi yake ilikuwa njema: kiharusi kikimchukulia mtu ulimi, mwangwi ulimsemea. Wazee kadhaa pale waliagiza chai, walisali na kugombana kwa mwangwi, na hakuna aliyeona ajabu. Mzee Fusi aliuvaa kwa miaka. Ulikuwa umejaa yeye.

Sheria ilikataza mwangwi kuendelea kusema mwenyewe akishakufa. Iliacha mlango mmoja tu: mgonjwa ambaye majonzi yanaweza kumuua, daktari akiagiza na mkuu wa makao akiridhia. Uliitwa Agizo la Faraja.

Kemilembe alifikiri muda mfupi. Hakuwa mtu wa kufikiri muda mrefu wakati mgonjwa yuko kitandani. Akaweka dole gumba kwenye kioo, akaridhia.

Halafu akamwongezea kazi fundi wa mitambo, Penieli, mtu mzima mwenzake. "Kitu kimoja. Bibi akisema anaumwa, mwangwi umwambie pole."

Penieli alipitisha macho kwenye kioo chake. "Mzee hakuwa anasema hivyo, Matroni. Kwa bibi sina hata pole moja."

"Mgonjwa haambiwi habari za mbwa akisema kifua kinabana. Anaambiwa pole. Hata mashine iwe na utu."

"Sauti nitaitoa wapi?"

"Wewe ndiye fundi."

Penieli alitafuta. "Kuna 'polepole'. Alikuwa anawaambia wanaomsukuma kwenye kiti. Naweza kukata katikati."

"Kata," Kemilembe alisema, akatoka kwenda kuosha maiti.

*

Jumanne mchana binti wa marehemu alifika. Aliitwa Skolastika, mwanamke wa makamo, mrefu kama baba yake, anayechomelea vyuma huko juu. Miguu yake ilikuwa imesahau uzito wa dunia. Alitembea kwa fremu za chuma zilizofungwa magotini, na kila hatua aliitazama kwanza.

Kemilembe alimkalisha, akampa chai ya tangawizi, akampa pole ya msiba. Hakumpambia maneno. "Alikufa vizuri. Juani, ameshiba. Hakulalamika."

"Ashukuriwe Mungu. Na nyinyi nawashukuru." Skolastika alikishika kikombe kwa mikono miwili, kama mtu asiyeamini kwamba chai inaweza kukaa ndani bila kifuniko. "Tunazika kesho? Chombo changu kinapanda keshokutwa. Nikikikosa, kazi sina."

"Kesho. Kaburi liko tayari."

"Na Mhehe wake yuko wapi?"

Kemilembe alikuwa anajimiminia chai. Akaiweka birika chini.

"Baba kila akinipigia alikuwa ananitajia Mhehe wake," Skolastika alisema. "Kila mara neno lile lile. Nikifa, msinizike mpaka Mhehe wangu aje azuie kaburi. Mimi nilikuwa nacheka. Sijui hata maana yake. Niliondoka Songea mdogo, nikalelewa kwenye shule za bweni. Ila nimefikiri, kama alilisema mara zote hizo, basi alilitaka. Ni mwanamume au mwanamke?"

"Mwanamke."

"Anakuja?"

Kemilembe alikuwa amewahi kwenda misiba ya huku. Aliwahi kuona mtu amevaa shati la marehemu, analegeza miguu kama marehemu, anaiga hata alivyokuwa akikoroma, na wafiwa wanacheka huku wamejaa machozi. Alidhani ni mlevi. Akakumbuka na mzee mmoja aliyejilaza njiani mbele ya jeneza, akakataa kuondoka mpaka apewe jogoo. Alidhani naye ni mlevi.

Kumbe walikuwa watani, na walikuwa kazini.

"Ni mgonjwa," alisema. "Hajui kwamba baba yako amekufa."

Skolastika alimtazama. "Hajui? Si mnasema walikuwa wanaongea kila siku?"

"Wanaongea mpaka sasa," Kemilembe alisema, akamweleza yote. Alipomaliza, chai ilikuwa imepoa, na yule binti alikuwa amefunika mdomo kwa kiganja.

"Naweza kumsikia?" aliuliza kwa sauti ndogo.

"Hapana. Agizo ni la bibi peke yake. Na mimi ningekuwa wewe, nisingetaka."

*

Kemilembe alimpigia daktari akiwa amesimama. Mambo magumu aliyasemea wima.

"Kiraka kimeshika kiasi gani?"

"Nusu, au zaidi kidogo. Kwa nini?"

"Nataka kumwambia bibi. Mazishi ni kesho, na ana kazi ya kufanya."

Daktari Angetile akasema taratibu, "Matroni, tumefika mahali pazuri. Usibomoe. Mwezi ujao kiraka kitakuwa mwili wake kabisa. Hapo tutamwambia, tutampeleka akaone kaburi, alie kwa raha zake."

"Mwezi ujao atazuia nini? Nyasi?"

"Akifa kesho?"

Swali lilikuwa la haki, na Kemilembe alilipa haki yake. Akakaa kwenye kiti. Aliwaza habari ya mama yule kufia kaburini mbele ya watu, na yeye ndiye aliyemsukuma mpaka pale. Halafu akawaza habari ya mama yule kupona vizuri, kunenepa, kuishi miaka, na kila asubuhi kukumbuka kwamba mtani wake alizikwa kimya kimya kama mtu asiye na mwenzake, wakati yeye mwenyewe yuko chumba cha pili anacheka na ukuta.

"Akifa, nitakuwa nimemuua," alisema. "Lakini nikimficha nitakuwa nimemwibia, na yeye hajaniruhusu kuchagua kati ya hayo. Nitamwambia, achague mwenyewe. Nikishamwambia, ridhaa yangu ya lile Agizo naiondoa."

"Napinga. Andika kwamba nimepinga."

"Nitaandika. Na wewe uwe sikioni mwangu kesho, bangili yake uione. Sitaki ushujaa, nataka msaada."

"Nitakuwepo," daktari alisema, na akashusha pumzi. "Mungu atusaidie."

*

Jumatano asubuhi aliingia bila uji. Bibi Sikujua alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda, amevaa gauni lake la bluu, kilemba kimefungwa, na khanga mbili zimekunjwa mapajani. Mwenyewe alikuwa amejivika, kwa mikono ile inayotetemeka.

"Mnazika saa ngapi?" aliuliza.

Kemilembe alibaki amesimama mlangoni. Alijua namna ya kusema ukweli. Namna ya kukuta ukweli umeshafika kabla yake hakuijua.

"Kaa hapo, mwanangu," bibi alisema. "Unatisha ukisimama."

Akakaa.

"Jumamosi mchana nilimwambia kifua kinanibana. Akaniambia pole." Bibi aliachia neno lile lianguke, kama anayemwonyesha mtu panya aliyemkuta kwenye unga. "Mngoni aniambie mimi pole? Nilipovunjika nyonga aliuliza kama mbwa niliyekuwa namfukuza aliponyoka. Siku ile mnanitoa kupasuliwa, sijafumbua macho vizuri, namsikia ukutani: 'Amerudi? Mbona blanketi lake nimeshaligawa!' Hapo ndipo nilipojua nitapona. Mtu akinihurumia ni mgeni. Yule hakunihurumia hata siku moja, Matroni. Hata siku moja."

"Pole niliitia mimi," Kemilembe alisema. "Niliona ndiyo utu."

"Najua ni wewe. Nani mwingine?" Hakusema kwa hasira. "Na lilikuwa nusu ya neno. Lilikatwa. Niliisikia ile 'polepole' yake kila siku akisukumwa, nikaisikia imekatwa kiuno. Nikasema basi. Mtu wangu ameshaenda, hapa naongea na kibao."

"Jumamosi." Kemilembe alikumbuka. Jumamosi mchana bangili iliruka, ikawa ya njano, ikarudi. Alidhani ni chakula, akaagiza wasimpe tena maharage ya nazi.

"Moyo ulishapata habari, ukakaa. Wewe tu ndiye uliyekuwa unasubiri."

"Na ukaendelea kuongea nacho? Mpaka jana unacheka?"

Bibi aliinamisha kichwa, akaipapasa khanga. "Ningefanya nini? Niko peke yangu humu ndani. Ningeliambia 'nimekujua', lingenyamaza. Nikasema acha liseme. Nilikuwa namlia kidogo kidogo, kama mtu anayenywa dawa chungu kwa kijiko. Leo kijiko, kesho kijiko. Mngenipa kikombe kizima Ijumaa ile, pengine ningemfuata huko alikokwenda. Kwa hilo nakushukuru, na daktari mwambie nashukuru." Akainua uso. "Lakini nilikuwa nahesabu pia; jana nilisikia majembe huko nyuma, nikajua ni leo. Nilisema, mama huyu ni mkweli. Atakuja kabla ya mazishi. Asipokuja, nitaamka nimfuate na nyonga yangu hii ya bandia, na nikimkuta ameshazika, sitamsamehe."

"Nimekuja."

"Umekuja. Sasa nipe koti la yule Mngoni."

"Bibi, sikia. Daktari anasema kiraka kimeshika nusu. Kaburini unaweza kufa. Nakwambia wazi ili usije ukasema hukuambiwa."

"Hapa pia naweza kufa, na hapa hakuna hata wa kumchekesha. Koti."

Kemilembe akaenda mwenyewe kulichukua. Lilikuwa koti kuukuu la kijivu lenye harufu ya ugoro. Aliporudi alimkuta bibi ameugeukia ukuta.

"Wewe kitu," alikuwa anasema. "Sikujui jina. Umenifanyia kazi nzuri, na Mungu akulipe kama vitu kama wewe hulipwa. Sasa nyamaza, twende tukamzike mwenyewe."

Kikohozi. "Nenda, mla mbwa. Unanichelewesha."

Kemilembe akakizima.

*

Makaburi ya Utulivu yalikuwa nyuma, chini ya miti ya miwati. Ukungu ulikuwa haujanyanyuka. Wazee walikuja na viti vyao, fimbo zao, mablanketi mabegani. Walioweza kuimba waliimba, na miangwi ya wasioweza ikaimba nao. Katekista alikuwa ameshafungua kitabu. Jeneza liliwekwa juu ya kamba, kando ya shimo.

"Simamisha kiti," Bibi Sikujua alimwambia Kemilembe aliyekuwa anamsukuma. "Hapo. Katikati, magurudumu yaguse ukingo."

Kemilembe akakiegesha kiti kati ya jeneza na shimo, akafunga breki.

Bibi, ndani ya koti lililomfika vidoleni, akakohoa kikohozi kile. Kile kile chenyewe. Watu wakageuka kama waliosikia mlango ukifunguka.

"Polepole!" aliguna kwa sauti ya kukwaruza. "Polepole, nyie vijana, nimebeba ukoo mzima wa wakimbizi!" Mtu akacheka nyuma, akajiziba. "Huyu hazikwi! Ameniachia ungo wa maharage nusu hayajachambuliwa, yeye kajilaza. Wangoni ndivyo walivyo! Wakiona kazi, safari! Babu yake alikimbia vita, yeye amekimbia maharage!"

Kicheko kikapasuka kutoka kwenye mablanketi. Katekista alifunga kitabu, akakiweka kwapani, akatulia; alikuwa mwenyeji, mila aliijua.

"Nasema hazikwi! Aje Mngoni anijibu! Hakuna Mngoni hapa? Wameisha wote? Basi tumeshinda, vita imekwisha leo!"

Macho yote yakaenda kwa Skolastika. Alisogea na vyuma vyake, akitazama kila hatua, akasimama mbele ya kiti.

"Shikamoo, bibi," alisema. "Nakuomba, bibi yangu. Tunakuheshimu sana. Tunaomba utupishe."

"Tunaomba!" Bibi alilia. "Mmesikia? Mngoni anaomba! Huyu mmemwokota wapi? Mwanamume yule hakuomba kitu maisha yake yote, hata chumvi alinyang'anya!" Lakini sauti ilipasuka hapo, na mikono iliyoshika kiti ikawa myeupe kwenye vifundo. "Nijibu, mtoto! Nani atanijibu sasa?"

Bangili ilitetema. Njano. Kemilembe akatazama: mstari ulikuwa unaparamia. Nyekundu.

"Mrudishe," daktari alisema sikioni mwake. "Matroni, mrudishe sasa hivi."

Kemilembe akashika mpini wa kiti, akagusa breki. Kuivuta ilikuwa kazi ya kidole kimoja. Aliona shingo ya bibi ndani ya kola kubwa, inavyopiga. Akamtazama Skolastika, ambaye machozi yalikuwa yanamshuka na mdomo unamcheza, kama mtu anayetafuta neno kwenye nyumba aliyohama utotoni.

"Sema chochote," Kemilembe alimwambia. "Kibaya."

Skolastika akafuta pua kwa mkono wa sweta. Akanyooka. Akakohoa.

"Toka hapo, bibi," alisema. "Nilidhani umekuja kumlilia baba yangu. Kumbe umesikia msibani kuna nyama, umekuja kuuliza kama inabweka."

Kisha Bibi Sikujua akatupa kichwa nyuma, akacheka kicheko kilichotoka tumboni, kikapanda, kikageuka kilio njiani na kurudi tena kicheko, na wazee wote wakaingia humo pamoja naye, wanacheka, wanalia, wanapigana mabega. Kemilembe hakuondoa jicho kwenye bangili. Nyekundu. Nyekundu. Njano.

"Subiri kidogo," daktari alisema. Pumzi yake ilisikika. "Subiri. Kinashuka chenyewe."

Kijani.

Kemilembe akauachia mpini. Hapo ndipo alipogundua kwamba na yeye uso wake umelowa, na kwamba hakuna aliyemwambia neno la kumfariji, na kwamba ilikuwa sawasawa.

"Haya, mpisheni," bibi alisema, anahema. "Mzikeni mkimbizi wa watu. Nimejibiwa." Akamshika Skolastika mkono, akamvuta mpaka yule binti mrefu akapiga magoti kwenye udongo na vyuma vyake. "Huko juu kuna simu?"

"Zipo, bibi."

"Utanipigia Jumapili. Nataka mtu wa kunitukana."

"Nitakupigia Jumamosi," Skolastika alisema. "Jumapili naongea na watu wa maana."

Bibi Sikujua akamgeukia Kemilembe, kola ya koti imeloa machozi, jino lake moja la mbele linang'aa.

"Umemsikia?" alisema. "Umesikia anavyonidharau? Asante, Mungu wangu. Asante."